Muhuri Miguuni mwa Kukhu

Kila asubuhi, kabla ya kufungua studio, senge Viola alipitia kwa Jerono kuona kama picha zake zimeamka. Ndivyo alivyosema mwenyewe: "Wacha nikaone kama zimeamka." Hakukaa. Alisimama nyuma ya kiti, mkoba begani, akainama na kufungua ukurasa wa Bungoma katika kamusi elezo ya Kiswahili, akashuka nao polepole kama mtu anayekagua kuku wake baada ya usiku wa mvua. Soko, lipo. Daraja, lipo. Kukhu mbele ya ghala, yupo. Akaguna, akafunga, akaenda zake. Jerono, mwenye lile duka la intaneti, hakumtoza kitu. Alikuwa na sheria yake kwamba mtu aliyesimama hajaingia.

Senge ni dada ya baba yangu. Kwetu Bungoma shangazi wa upande wa baba huitwa hivyo, na jina lake halitajwi ovyo, lakini hapa nalitaja kwa sababu jina lenyewe ndilo lililoleta haya yote. Nilikaa naye Kitale tangu nilipotoka shule, nikiuza njugu kwenye veranda ya studio. Anayeuza njugu haongei sana. Watu humpita kama nguzo, na wanasema mambo yao yote mbele yake.

Kamusi elezo, kwa asiyeijua, ni kitabu cha mambo yote ya dunia kilichowekwa kwenye mtandao. Hakina mwandishi mmoja. Yeyote anaandika, yeyote anasahihisha, na kila lugha ina chake. Mwalimu mmoja wa chuo cha Kibabii alikuja studio kupigwa picha ya kitambulisho, na wakati anafunga tai yake akamwambia senge kwamba ukurasa wa Bungoma kwa Kiswahili hauna hata picha moja.

"Kuna vijiji vya Ulaya vyenye watu wachache kuliko harusi ya kwetu," alisema, "na vina picha mpaka za mbwa. Sisi hakuna."

"Inua kidevu, mwalimu," senge akasema. Lakini alisikia. Wiki hiyohiyo alikuwa kwa Jerono anauliza picha inaingizwa vipi.

Alikuwa na kamera yake, ya filamu, aliyoinunua kwa mtu ikiwa imeshatumika. Siyo ya studio. Hilo litakuja kuulizwa, ndiyo maana nalisema mapema.

Studio ilikuwa ya Mzee Kimotho. Baba yake alikuja Trans-Nzoia kutoka Murang'a kununua shamba, na yeye, kwa kuwa hakupenda jembe, akafungua studio mjini. Ndiye aliyemfundisha senge kazi tangu akiwa msichana: kutoa filamu gizani kwa kupapasa, kumwambia bibi harusi ateremshe mabega, kuwapanga watu mbele ya lile pazia lenye maporomoko ya maji ambayo hakuna aliyewahi kuyaona. Na alimfundisha muhuri.

Muhuri ulikuwa wa mviringo, wino wa buluu, nao ulipigwa mbele ya picha, kona ya chini, si nyuma: STUDIO YA KIMOTHO, KITALE. Sababu ni kwamba zamani kulikuwa na vijana walioajiriwa studio wakaosha picha, yaani kuzitoa kwenye filamu, kwa siri na kuziuza barabarani. Basi wenye studio wote wa huku wakaanza mihuri. Ikafika mahali picha isiyo na muhuri ikawa ni picha ya wizi, hata kama ni ya mtoto wako. Senge alikuwa mkali kwa hilo. Mteja akinyakua picha zake mbio, alimwita kutoka mlangoni: "Mama, rudi! Unataka ushikwe na mali ya wizi?" Mkono wake ulipiga muhuri wenyewe, kama vile mkono wa mtu unavyofunga mlango bila yeye kukumbuka.

Sasa, Kukhu. Kukhu ni mama yake senge, nyanya yangu, Nakhungu wa Mabanga, kijijini kwetu Bungoma. Nyuma ya nyumba yake kulikuwa na ghala la mahindi la zamani, la fito zilizosukwa, limesimama juu ya miguu minne, na paa la nyasi kama kofia. Siku hizi watu wanaweka mahindi kwenye magunia chini ya kitanda. Pale Mabanga ghala la namna hiyo lilikuwa limebaki hilo, na lenyewe lilishaanza kuegemea upande. Baba yangu alikuwa ameapa kwamba kabla ya mahindi mapya kuingia atalibomoa na kujenga stoo ya mabati.

Senge alimsimamisha Kukhu mbele ya ghala hilo, na kitambaa chake cha kichwa cha kijani, cha kanisa, peku, mkono mmoja umeshika mguu wa ghala kama anayeshika sikio la ng'ombe wake. Akapiga. Filamu alinunua yeye. Akaiosha studio baada ya kazi, akalipa kama mteja, akapiga muhuri kwa sababu si mwizi. Ukaangukia kwenye miguu ya Kukhu. Jerono akaipitisha kwenye mashine yake, na picha ikapanda kwenye kamusi elezo kwa jina la "Ghala". Chini yake senge akaandika: Mama Nakhungu mbele ya ghala lake, Mabanga. Mpiga picha, Viola Nakhungu.

Ilikaa vizuri kwa muda. Halafu asubuhi moja senge aliinama nyuma ya kiti kama kawaida, na hakuguna.

Pale pa Kukhu palikuwa na jengo la matofali mekundu, la ghorofa nyingi, limekaa kando ya bahari. Meli imetia nanga mbele. Chini yake maneno ya senge hayajaguswa: Mama Nakhungu mbele ya ghala lake, Mabanga.

Jerono alicheka mpaka akashika meza. "Viola, kumbe kwenu mko na mali hivi na unanifichia! Hiyo meli pia ni ya mathe?"

"Nyamaza kwanza. Kukhu ameenda wapi?"

Walimtafuta asubuhi nzima, na njugu zangu nilizileta ndani ili nione. Mambo yalikuwa hivi. Picha za lugha zote zina stoo moja huko juu. Ukiweka picha yako kwenye stoo hiyo, Mswahili anaichukua, Mwingereza anaichukua, Mjerumani pia. Mmoja wa wakabidhi, yaani wale waliopewa uwezo wa kufuta, alikuwa ameihamisha picha ya senge kutoka kwa Kiswahili kuipeleka stoo, kwa nia njema kabisa. Lakini kule jina la "Ghala" lilishachukuliwa na lile jengo la matofali. Basi Kukhu akapewa jina lingine, refu, lenye namba. Ile nakala ya Kiswahili ikafutwa, na ukurasa wetu, ukiita "Ghala", ukaletewa jengo la matofali.

"Sasa si wangeniambia?" senge alisema. "Ati mtu anahamisha mama yako usiku na hakuachii hata neno."

Akarekebisha. Akaandika jina jipya, Kukhu akarudi, meli ikaondoka.

Jumamosi hiyo tulienda Mabanga na senge akamweleza Kukhu kisa chote. Kukhu alikuwa anapepeta maharage na hakuinua macho.

"Ghala moja, na nyumba zote za dunia zinachota?"

"Ndiyo, mama."

"Na kila nyumba iko na mke wake?"

"Tuseme hivyo."

"Na hawagombani?"

"Wanagombana kila siku."

"Hapo sasa nimeelewa," Kukhu akasema. "Nilifikiri ni kitu kipya."

Haikupita muda mrefu, picha ikapotea tena, na safari hii hakukuja meli. Palikuwa na jina tu, jekundu, ambalo ukilibonyeza halikupeleki popote. Katika kila lugha palikuwa hivyo. Mlinzi mmoja wa stoo, mtu wa mbali ambaye jina lake lilikuwa herufi tupu, alikuwa ameacha ujumbe kwa Kiingereza. Jerono aliusoma mara mbili kabla ya kuutafsiri.

"Anasema picha iko na alama ya studio. Kwa hivyo ni mali ya studio, si yako. Mwenye studio aandike kwamba ametoa ruhusa, la sivyo itabaki imefutwa."

"Alama gani?"

"Muhuri, bana. Hapa, kwa miguu."

Senge alimtazama kana kwamba Jerono ndiye aliyefuta. "Lakini nimepiga muhuri ili wajue sijaiba!"

"Na wao kwa sababu ya muhuri wanasema umeiba."

Hapo senge akacheka, kicheko kimoja kifupi, kisha akavuta kiti. Hiyo ilikuwa mara ya kwanza kumwona akikaa kwa Jerono. Aliandika kwa Kiswahili, Jerono akageuza kwa Kiingereza: kamera ni yangu, filamu ni yangu, mama ni wangu, muhuri ni desturi yetu ya kazi. Mlinzi akajibu kwa adabu. Anaelewa. Lakini muhuri una jina la mtu mwingine. Senge akaandika tena, kwa ukali. Akajibiwa tena, kwa adabu ileile, karibu kwa maneno yaleyale. Akauliza, je, akikata miguu ya Kukhu pamoja na muhuri? Akaambiwa kuficha jina la mwenye mali si kuwa mwenye mali.

"Huyu mtu ni kama ukuta uliofunzwa kusema tafadhali," senge akasema.

Dawa ilikuwa negativu, ile filamu yenyewe iliyokwisha kuoshwa. Akiwa na negativu angeosha nakala safi, isiyo na muhuri, mambo yaishe. Na negativu zote zilikaa ndani ya mikebe ya Mzee Kimotho, kwa sababu hata hiyo ilikuwa desturi: mteja anabeba picha, studio inabaki na negativu.

Mzee Kimotho hakuwa mtu mbaya. Nilipougua malaria ni yeye aliyenipeleka hospitali kwa gari lake. Lakini kitu kikiingia kwenye mkebe wake, kimeingia.

"Negativu haitoki," alisema. Alikuwa anafuta lenzi na shati lake.

"Mzee, hiyo filamu nilinunua mimi. Nilikulipa hata dawa ya kuoshea."

"Wateja wangapi hulipa? Nimewapa negativu?"

"Mimi si mteja."

"Basi kama si mteja ni mfanyakazi, na hiyo ni mbaya zaidi kwako." Akacheka kidogo, akitaka na senge acheke. Hakucheka. Mzee akaweka lenzi chini. "Viola. Hao watu wanataka barua, si ndiyo? Nitawaandikia. Nitasema picha ni ya Studio ya Kimotho na studio imeitoa bure kwa ulimwengu. Itarudi. Mama yako ataonekana mpaka Amerika. Unataka nini tena?"

"Jina langu."

"Jina halilii njaa."

"Mzee, hiyo studio ikizaa mama yangu, nitakubali."

Nje, Jerono alimwambia akubali. "Si picha irudi tu, jameni? Nani husoma jina la aliyepiga?"

"Mimi husoma," senge akasema. "Kila asubuhi. Wewe ulifikiri nasimama hapo kuangalia daraja?"

Na muda ulikuwa unakwisha. Baba alikuwa ameshaleta mabati Mabanga, yameegemezwa ukutani yanang'aa.

Jumamosi iliyofuata senge alinunua filamu mpya. Tulimkuta Kukhu anagombana na baba kuhusu kamba: baba alitaka kuifunga kwenye ghala avute liangukie upande wa migomba.

"Ngoja saa moja," senge akamwambia. "Ukigusa hiyo kamba kabla sijamaliza, mimi na wewe hatujazaliwa pamoja."

"Picha si ulipiga?"

"Wameikataa."

Kukhu akasimama. "Wamekataa kwa nini? Miguu yangu iko na nini?"

"Mama, si miguu. Ni muhuri uko juu ya miguu."

"Basi leo naivisha viatu waone." Na aliingia ndani, akatoka na raba za baba, kubwa, zisizo na kamba. Senge alijaribu kumvua, ikashindikana. Ndivyo alivyopigwa: kitambaa cha kijani, raba za mwanawe, mkono kwenye mguu wa ghala, na uso wa mtu anayesubiri mtu mwingine athubutu. Kwa macho yangu ni nzuri kuliko ya kwanza. Senge alipiga filamu nzima, kila upande, paa, fito, mlango mdogo wa juu. Kisha akamwambia baba, "Haya, vuta." Lilianguka bila kelele nyingi. Kukhu hakutazama. Alikuwa anapangusa vumbi kwenye raba.

Hatukurudi na filamu Kitale. Senge aliipeleka studio moja ya Bungoma mjini, kwa kijana aliyeitwa Mukhisa, aliyekuwa na redio kubwa na kucha ndefu ya kidole kidogo. Tulikaa hapo mpaka picha zikatoka. Senge alizipanga mezani zikauke, na alipogeuka kuchukua mkoba, Mukhisa alikuwa ameshika muhuri wake, mkono uko juu tayari.

Senge alimdaka mkono hewani.

"Dada! Kwani iko nini?"

"Usipige."

"Aa-aa, dada. Picha bila muhuri ni ya wizi. Ukishikwa nayo huko nje, ni mimi watakuja kuuliza."

Senge alikuwa bado amemshika. Yalikuwa ni maneno yake mwenyewe. Alikuwa ameyasema mlangoni kwa Kimotho miaka yote hiyo, kwa sauti hiyohiyo, kwa akina mama wenye haraka.

"Basi leo nimeiba yangu," akasema. "Na unipe negativu pia. Ndiyo, nazo. Usinitazame hivyo. Mpiga picha ni mimi, wewe umeosha tu. Dobi akifua shati, linakuwa lake?"

Mukhisa alinitazama mimi, kama mtu anayeomba msaada. Nikaangalia redio. Akatoa negativu.

Jumatatu senge alikaa tena kwa Jerono. Aliipa picha jina ambalo jengo lolote la matofali haliwezi kuwa nalo: Nakhungu wa Mabanga na ghala lake, siku ya kubomolewa. Akaandika jina lake lote. Yule mlinzi wa herufi tupu akaja kuichungulia, na tukangoja na Jerono tumeshika midomo. Akaandika sentensi moja, kwamba hii haina tatizo, na anasikitika kwa usumbufu.

"Kumbe anaweza kusikitika," senge akasema. Lakini aliprinti hiyo sentensi.

Picha ilikaa. Kila asubuhi ipo. Kwa Kiswahili ipo, na baada ya siku kadhaa Jerono akaikuta kwa Wajerumani, Kukhu na raba zake, na maneno marefu chini ambayo hatukuweza kuyasoma, isipokuwa Viola Nakhungu.

Ni Jerono huyohuyo aliyemwonyesha Mzee Kimotho. Hakuwa na ubaya, alikuwa anajivunia. Mzee alikuja studio asubuhi hiyo akiwa ametulia sana. Kulikuwa na mama mmoja anangoja picha zake za kitambulisho, na mimi nilikuwa mlangoni na karai langu.

"Nimeona," alisema.

"Asante, Mzee."

"Sijasema ni nzuri. Nimesema nimeona." Akauchukua muhuri kutoka pembeni, akauweka katikati ya meza, kati yao. "Nani alikufundisha kushika kamera?"

"Ni wewe."

"Nani alikufundisha mahali pa kusimama jua likiwa nyuma?"

"Ni wewe, Mzee. Sijakataa hata siku moja."

"Basi mkono huo ni wa studio. Mahali popote unapiga, ni studio inapiga. Leo utaenda kwa Jerono uandike hivyo. Picha ya Studio ya Kimotho, imepigwa na mfanyakazi wake Viola. Jina lako litakuwa hapo, nimekuachia. Ama ufanye hivyo, ama usishike muhuri huu tena."

Yule mama wa picha aliinua mkoba wake mapajani akaukumbatia.

"Nikisema hapana?"

"Huwezi kusema hapana. Utaenda wapi na huo mkono?"

 Senge akauchukua ule muhuri. Mzee akaachia pumzi. Senge akavuta picha za yule mama, akazipiga muhuri moja baada ya nyingine, kona ya chini, wino safi, hakuna hata moja iliyopinda. Akazitia kwenye bahasha. "Zako hizi, mama. Hakuna atakayesema umeiba."

Akaurudisha muhuri katikati ya meza, pale pale Mzee alipokuwa ameuweka. Akavua ile aproni ya studio, akaikunja, akaiweka kando yake. Kamera yake ilikuwa kwenye msumari nyuma ya mlango. Akaitungua, akaivaa shingoni.

"Unaenda wapi?" Mzee akauliza. "Kuna watu wa harusi wanakuja."

"Naenda kuona kama zimeamka."

"Kwa Jerono? Haya, nenda, uandike nilivyokwambia. Usichelewe."

Alipita karibu nami, akachota njugu kwenye karai langu, jambo ambalo hakuwahi kulifanya bila kuomba. Alishuka ngazi za veranda. Mzee alitupa macho kwenye mlango mara kwa mara. Watu wa harusi walipofika aliwakalisha mbele ya maporomoko ya maji, akawaambia msichana wake yuko hapo tu, ametoka kidogo. Aliniagiza chai mbili, na moja akaifunika kwa sahani.

Mimi nilimwona alipofika kwa Jerono. Hakuingia. Alisimama mlangoni, akamuuliza kitu, Jerono akainua kidole gumba kutoka ndani. Senge akaitikia kwa kichwa, akavuka barabara upande wa magari ya Bungoma. Ile chai ilikuwa bado imefunikwa jioni nilipoinua karai langu na kumfuata Bungoma.